Msumari Mtupu

Kirumba watakwambia Mbuke Lubango alikufa mara tisa:
mbili kwa sumu, moja kwa radi,
zilizobaki zote kwa mume.
Wauza dagaa wa Mwaloni walimsimamisha,
magamba yakimeta mikononi:
"Ile chai, mwanangu, uliinywea nini?"
Naye, kwa uso wa marehemu aliyelala vizuri:
"Niliipika mwenyewe, mama. Ningeimwagaje?"

Mimi nilikuwa mbeba makochi.
Yangu ni ya nyuma ya ukuta.

Huko nyuma hakukuwa na nyumba.
Kulikuwa na mirunda, kamba za katani,
plaiwudi zilizosimama kwa hisani ya mawe,
na mawe Mwanza unaokota mlangoni.
Huku mbele, sebule ya tajiri wa Capri Point,
zulia la kuazima kwa mchungaji
ambalo lazima lirudi kabla ya ibada ya jioni.

Alipaka usiku, akaigiza asubuhi
rangi ikiwa haijakauka.
"Usiegemee," alimnong'oneza mume wa kwenye filamu.
Watu wakatoka wakisema, yule bwana ana kiburi,
hata ukuta wake mwenyewe hauegemei!

Mapazia mapya hakuyataka.
Aliyachemsha kwa majani ya chai,
akayaanika juu ya jabali kule Igogo,
kisha akayakalia, akachambua mchele juu yake siku nzima.
"Kitu kisichokaliwa," alisema, "kina uso wa mgeni."
Masizi aliyakwangua kwenye sufuria za mama lishe,
akayapaka kwa kiganja ubavuni mwa mlango,
pale pale ambapo mtu aliyechoka hushika.
Masalu, mwongozaji, akafoka: kamera haifiki huko!
"Mimi nafika. Nikipaona hapo, nitalia.
Usipolipia masizi, utalipia vitunguu."

Siku moja alikuja kwetu Mabatini
kuazima sanduku la bati la mama.
Alikunywa maji, akashukuru. Hakumaliza dakika kumi.
Wiki iliyofuata niliingiza kitanda katika chumba alichokijenga
nikakwama mlangoni, miguu ya kitanda hewani.
Msumari.
Ule ambao baba alitundika koti
kabla Geita haijamwita kuchimba dhahabu,
na mama hakuung'oa, wala hakutundika kitu tena.
Chini yake Mbuke alikuwa ameacha umbo la koti
kwa rangi safi kidogo kuliko ukuta.
Sikuwa nimemwambia mtu.

Kamera ilipowaka aliingia na kanga mbichi,
akatafuta pa kuitundika,
akainua mkono hadi kwenye msumari,
akaushusha. Kanga akaiweka kitini.
Haikuandikwa popote.
Mama aliiona kwenye kibanda umiza, kwa shilingi mia mbili.
Alirudi, hakusema neno. Alichekecha unga hadi usiku,
unga mwingi kuliko midomo yetu.

Uso ulipoanza kukunjamana walimpa mama mkwe,
kisha jirani, kisha sauti ya mtu nyuma ya mlango.
Alicheka: "Hata mlango wenyewe nimeutengeneza mimi."
Jina lake la uigizaji lilipita mwanzoni, kwa herufi za dhahabu;
lile la mandhari lilikuja mwisho kabisa, limekosewa,
wakati mwenye kibanda ameshazima mashine
ili kundi jingine liingie.

Sasa kuta zake nyingi zimeuzwa.
Sebule ya Capri Point ni banda la kuku kule Pasiansi.
Juzi tulipita naye. Kuku wamelala
chini ya dirisha alilolichora, na ziwa lake la rangi ndani.
Alisimama. Akafumba jicho moja,
akapitisha mkono kwenye tundu la wavu,
akamsogeza mtetea mmoja kushoto, kidogo tu.